Barua Isiyo na Mwenyewe

Kutoka Tunduma hadi kwetu ni safari ya siku mbili, na mimi sioni taabu kwa kuwa maisha yangu yote nimekuwa mtu wa barabarani. Nimeuza mitumba Mbeya, nimepima magunia ya mpunga Kyela, nimelinda ghala la mtu Mpanda. Safari hii nililala Morogoro, asubuhi nikapanda basi la Tanga. Ningeweza kushuka Mkata nikaingia Handeni moja kwa moja, lakini nilitaka kupitia Korogwe, ninywe chai ya stendi na kuiona tena milima ya Usambara ikiwa na ukungu wake. Kwa hiyo nilibadilisha gari Segera, nikanywa chai yangu Korogwe, nikapanda gari la Handeni na kushuka Sindeni. Kutoka hapo ni bodaboda tu.

Kijana wa bodaboda aliniuliza kama nakwenda kununua matofali. Nikamwuliza matofali gani.

"Ya shule ya zamani, mzee. Wanaibomoa. Yale ni magumu, watu wanayagombea."

Nina miaka arobaini na kitu, lakini vumbi lilikuwa limenipaka mvi kichwa kizima, sikumlaumu kuniita mzee. Nilimwambia sinunui. Nimekuja kuuaga ukuta.

Nilifika ukuta mmoja ukiwa bado umesimama, ule wa upande wa ofisi. Mbele yake kuna shule mpya, bati la bluu, madirisha ya vioo, nzuri kweli. Kwenye baraza lake walikuwa wamekaa vijana wawili wenye vishkwambi, msichana na mvulana, na mbele ya yule msichana alikuwa mtoto wa kike mwenye sketi ya shule iliyomzidi. Mtoto ameinamisha kichwa, hasemi kitu. Vijana walinisalimu kwa adabu, shikamoo mzee, wakanieleza kuwa wanafanya utafiti wa kusoma, wanapima shule moja baada ya nyingine. Nikauliza mtoto akinyamaza inakuwaje.

"Tunasubiri kidogo, halafu tunaweka sifuri tunaendelea," msichana akasema. Alisema kwa upole kabisa, kama mtu anayekueleza nauli.

Nilikwenda kukaa juu ya rundo la matofali. Hasira niliyodhani nimeiacha zamani ilinipanda palepale. Basi kaa nami hapa, rafiki yangu, nikueleze habari ya sifuri yangu.

Ukuta ule ulijengwa na akina bibi. Sisemi kwa mfano, nasema kwa maji. Bibi yangu aliyenilea alibeba maji ya kufyatulia tofali zile kutoka bondeni, ndoo kichwani, msimu mzima wa kiangazi, na wanaume wakafyatua na kuchoma. Kabla ya hapo watoto wa kwetu walisoma Kurani kwa mwalimu wa chuo, na aliyetaka shule ya serikali alikwenda kuishi kwa ndugu Handeni mjini. Kisha ikatoka amri kwamba kila mtoto nchini asome, na kijiji kikaambiwa kijenge, mwalimu ataletwa. Walimu hawakutosha. Wakachukuliwa vijana waliomaliza darasa la saba, wakapewa chaki, masomo ya redioni, na mkufunzi wa kuwatembelea mara mojamoja. Hao ndio walimu wa UPE, herufi za Kiingereza za elimu ya msingi kwa wote. Watu wa mjini walizichezea herufi zile, wakasema maana yake ni Ualimu Pasipo Elimu, na wakacheka.

Mwalimu wetu alikuwa mmoja wao. Alikuja na baiskeli, sanduku la bati na redio, akakaa. Ndiye aliyetufundisha kuandika kwa kidole kwenye vumbi kabla hatujapewa daftari, na mpaka leo nikisikia harufu ya mvua ya kwanza juu ya ardhi kavu naiona herufi a. Kengele yetu ilikuwa rimu ya gurudumu la lori. Ikigongwa alfajiri tulikimbia mchakamchaka hadi njia panda na kurudi, tukiimba, kisha tunamwagia maji darasa ili vumbi litulie. Saa nne wenye bahati walikuwa na muhogo wa kuchemsha mfukoni. Mchana nyumbani kulikuwa na bada, ule ugali wa muhogo, na mlenda unaoteleza kabla hujautafuna. Sijala chakula kizuri zaidi ya hicho, na nimekula sehemu nyingi.

Lakini kilichoifanya shule yetu iwe shule ni barua. Barua zote za kijiji zilikuja kwa sanduku la posta la shule. Mwalimu alizifuata Korogwe kwa baiskeli mara mbili kwa mwezi. Watu wazima wengi hawakusoma, na wengine walisomea kisomo cha jioni lakini mwandiko wa mkono uliwashinda. Kwa hiyo Mwalimu alifanya jambo ambalo sijaliona mahali pengine: kila nyumba isiyokuwa na msomaji aliipa mwanafunzi. Ukishika kusoma vizuri unapewa nyumba yako, na unaisomea mpaka umalize shule. Mimi nilipewa ya kwetu, kwa bibi, na nyingine mbili.

Masharti yalikuwa makali. Unakaa juu ya mkeka, mlango umerudishwa. Unasoma mara mbili, pole pole. Unaikunja barua, unamrudishia mwenyewe mkononi. Ukishavuka kizingiti, hujui kitu. Kabla ya kukubaliwa ulijaribiwa. Jirani yetu, mama mmoja mnene mwenye kicheko cha kusikika bondeni, ndiye aliyekuwa mjaribu. Alikungojea njiani na kipande cha muwa kilichomenywa tayari. Angekuita baba, angekupa pole na shule, kisha angeuliza huko Hale kwenye mkonge hawajambo, wanasemaje. Ukiupokea muwa ukasema neno, jioni kijiji kizima kinajua kwamba huwezi kusoma. Ndivyo walivyosema hasa: yule mtoto hajui kusoma. Kwetu, kujua kusoma ni pamoja na kujua barua ni ya nani.

Mimi nilipita. Nilimwambia jirani hawajambo wote, wanakusalimu, na muwa nikala. Alicheka mpaka akakaa chini.

Barua za bibi zilitoka kwa mwanawe, yaani baba yangu, aliyekuwa kwenye mashamba ya mkonge upande wa Hale. Zilianza zote namna moja: salamu nyingi zikufikie popote ulipo, mimi ni mzima, hofu ni juu yako. Halafu zilieleza nyumba anayojenga. Leo msingi, mwezi ujao ukuta, kisha bati. Bibi alikitangazia kijiji nyumba ile. Hiyo ilikuwa ruhusa yake, barua ni yake. Baba aliandika kwamba bati likishapigwa atakuja kutuchukua sote wawili. Ilipofika barua nyingine, fupi, ya karatasi iliyochanwa, nilimsomea mara mbili kama kawaida. Aliifunga kwenye pindo la khanga, akaniambia nikawakatie mbuzi majani. Nyumba ya Hale aliendelea kuisimulia kwa majirani, bati kwa bati.

Nilikuwa darasa la tano walipokuja watafiti, mwanamume mwenye miwani na mwanamke mwenye saa ya kuhesabia sekunde. Walikuwa watu wema, nataka ujue hivyo. Walitupa peremende. Mwalimu alikuwa amenyoosha shati lake kwa pasi ya mkaa, na sote tulijua kwa nini. Alikuwa ameahidiwa nafasi ya kwenda chuo cha ualimu kupata cheti kamili, ili asiitwe tena jina lile la dhihaka, na aliambiwa matokeo ya siku ile ndiyo yatakayomsemea. Tulichaguliwa wanafunzi kumi na wawili. Mwalimu aliombwa akae mbali, chini ya paa la jiko la shule, asije akatusaidia. Mimi nilitangulia kwa kuwa ndimi niliyesoma vizuri kuliko wote.

Ofisini mwanamke alinipa karatasi iliyopigwa chapa. Nikaitupia jicho. Mpendwa Shangazi, salamu nyingi zikufikie. Chini yake macho yakaona baba anaumwa, yakaona mama analia, yakaona tafadhali njoo. Nikaacha kuangalia. Dirisha lilikuwa wazi, wenzangu wamejipanga nje, na yule mwanamume alikuwa amekaa pale pale akisikiliza.

"Soma kwa sauti," mwanamke akasema.

Nilinyamaza. Akarudia, taratibu zaidi, akinionyesha mstari wa kwanza kwa kalamu. Nikajikaza nikamwuliza, "Mwenyewe yuko wapi?"

"Mwenyewe nani?"

"Shangazi."

Alimtazama mwenzake. Uso wake ulijaa huruma, huruma ile ninayoichukia mpaka leo, kisha akaiminya saa yake na kuandika kitu. Nikashukuru, nikatoka. Nje wenzangu wakanizunguka, nikawaambia kwa sauti ndogo: ni barua ya mtu, ana msiba, wanataka tuitangaze dirishani. Yalikuwa makosa yangu, kama ni makosa. Wote kumi na mmoja waliingia, wote wakainamisha vichwa. Mmoja, mtoto wa yule jirani, alishika masharti zaidi yangu: aliikunja karatasi vizuri na kumrudishia mwanamke mkononi.

Mwalimu alipojua ilikuwa karibu wanaondoka. Alikimbia hadi kwenye gari, akaeleza, shati limelowa mgongoni. Aliomba tupewe kitabu chochote, gazeti, hata maandishi ya kwenye boksi la chaki. Mwanamume alimsikiliza mpaka mwisho. Akamjibu kwamba kipimo ni kimoja kwa shule zote, wakikibadilisha hapa hakitakuwa kipimo. Nimelifikiri jibu lile kwenye mabasi mengi. Lina akili ndani yake, siwezi kukataa. Lakini mtu aliyekuja kupima maji kwa kijiti cha kupimia nguo, halafu akaandika kuwa bonde ni kavu, mimi simwiti mjuzi hata akiwa na gari.

Msimu wa mahindi ulipokwisha akaja afisa wa elimu na faili. Wazazi wakaitwa, wakakaa mle darasani kwenye madawati yetu, magoti yamewafika kifuani. Sisi tulisimama nyuma. Afisa alisoma kwamba darasa la tano la shule hii halijui kusoma, kwamba tutarudia mwaka, kwamba nafasi ya chuo ya mwalimu imefutwa, na kwamba ipo barua ya kumwondoa kazini ambayo ataikabidhi baada ya kikao. Mwalimu alikuwa anatazama ubao mtupu. Wazazi walinong'ona lakini hakuna aliyesimama, kwani mambo yalikuwa ya karatasi, na karatasi ziliwatisha.

Bibi akasimama.

Afisa alimwambia kwa heshima kwamba akae, haya ni mambo ya kitaalamu. Bibi akamwambia ukuta alioegemea yeye afisa una maji ya kichwa chake, kwa hiyo atasema kidogo kisha atakaa. Watu wakacheka. Yeye hakucheka. Alifungua pindo la khanga, akatoa ile karatasi iliyochanwa, akaniita mbele.

"Hii ni yangu," alisema, na akageuka ili wote wasikie. "Mwenyewe yupo hapa. Soma, baba."

Nilijua kilichomo. Nilimtazama nikitumaini amekosea barua, lakini bibi hakukosea vitu vyake. Nikasoma. Salamu nyingi zikufikie mama yangu mpenzi popote ulipo. Nikasoma kwamba kazi imesimama na wamefukuzwa kwenye makambi. Nikasoma kwamba nyumba aliyokuwa akiieleza haipo, haikuwahi kuwapo, hata msingi, aliandika hivyo ili mama yake alale vizuri. Nikasikia kuku wakiparura nje. Nikasoma kwamba hataweza kuja kumchukua mtoto, yaani mimi, na kwamba nisimngojee. Halafu nikafika kwenye mstari wa mwisho, nikainua macho.

"Mpaka mwisho," bibi akasema.

Nikasoma: mama, nakuomba barua hii usimsomee mtu yeyote.

Nikaikunja, nikamrudishia mkononi. Akaifunga pindoni kana kwamba bado ni siri, akamwambia afisa, "Umesikia kama anajua au hajui?"

Afisa alikohoa. Alisema mtoto anasoma, haina ubishi, lakini matokeo yamekwishakwenda juu na hayarudi. Bibi alibaki amesimama. Jirani yetu naye akasimama, yule mama wa muwa, kisha baba mmoja, kisha darasa zima la wazazi lilikuwa limesimama, na madawati yanalia. Afisa alifunga faili na barua ya kumwondoa mwalimu ikiwa bado ndani yake. Hakuikabidhi siku ile wala siku nyingine.

Hatukushinda, usije ukadhani nakusimulia ushindi. Tulirudia mwaka, sote. Chuo Mwalimu hakwenda. Alifundisha mpaka mvi zikamjaa, mwalimu wa UPE hivyo hivyo, na nje ya kijiji chetu hakuna aliyejua kwamba wanafunzi wake walisoma barua za nyumba zote za kijiji na hakuna siri hata moja iliyovuja. Mahali fulani kuna karatasi inayosema hatukujua kusoma. Labda imenukuliwa na karatasi nyingine, na nyingine. Mimi naipinga. Sina cheo cha kuipingia, nina kidato cha nne na mdomo wangu, lakini naipinga.

Jirani, jioni ya kikao, alituletea unga wa muhogo na nusu ya kuku. Hakutaja Hale. Hakuitaja tena mpaka anakufa, na mtu aliyemjua atakwambia hiyo ilikuwa kazi nzito kwake kuliko kulima.

Aliyelipa ni bibi. Habari husafiri, na mashamba ya mkonge yalijaa watu wa kwetu. Baba alisikia kwamba barua yake ilisomwa mbele ya kijiji. Hakuandika tena. Mwalimu aliendelea kwenda posta, na kila aliporudi bibi alimwona kwa mbali, akaingia ndani kupuliza moto ambao ulikuwa unawaka vizuri tu. Nimepita Hale mara nyingi katika kuhangaika kwangu, nimeuliza kwenye makambi ya zamani na karibu na nyumba za watumishi wa kituo cha umeme cha mtoni. Wapo waliomkumbuka. Hakuna aliyejua alikokwenda.

Siku hizi hakuna barua. Bibi amelala kule nyuma ya migomba, jirani pia, Mwalimu alizikwa kwao. Yule mtoto mwenye sketi kubwa sijui alinyamaza kwa nini. Inawezekana kweli hajui kusoma, sikatai, shule zina matatizo yake. Niliinuka kwenye matofali, nikamwomba yule msichana wa kishkwambi, kama si vibaya, kabla ya kuweka sifuri amwulize mtoto swali moja, kwa nini hasomi. Akaniambia kwamba swali hilo halimo. Nikamwambia najua halimo. Sikubaki kuona alifanya nini.

Narudi kwenye siku niliyoondoka, kwa kuwa ukuta ule ndio ulioiona. Nilikuwa nimechaguliwa kwenda sekondari Korogwe, mmoja wa wachache. Lori la mahindi lilisimama mbele ya shule. Mwalimu aliniwekea sanduku lake la bati juu ya magunia, akasema yeye hana safari tena. Bibi alikuja na muhogo wa kuchoma kwenye kitambaa. Nilikuwa nimemwandalia msomaji, binti wa darasa la nne, makini, aliyekwisha kupita mtihani wa muwa. Nikamwambia bibi nitaandika kila mwezi, nitamweleza kila kitu kilichomo moyoni, asiwe na wasiwasi, yule binti ni wa kuaminika.

"Yeye namwamini," bibi alisema. "Nisiyemwamini ni mimi. Usiniandikie siri, mjukuu wangu. Siku ikibidi, nitaitoa tena."

Akaniambia nimwandikie mambo mawili tu, mvua na chakula. Lori likawashwa. Alisimama ameegemea ukuta wake, mkono mmoja umeshika pindo la khanga, mpaka vumbi likamficha.

Jioni ile ile, kwenye bweni nisilojua mtu, nilikaa juu ya sanduku la Mwalimu nikaandika barua yangu ya kwanza. Niliandika kwamba Korogwe mvua inanyesha vizuri na kwamba nimekula nikashiba.